Jumla 10, Zao 21

Jioni, wanafunzi wakishaondoka, ubao hubaki na neno la mwisho la siku. Nilikuwa napita nje ya dirisha la darasa la Kidato cha Pili, jua limelala juu ya madawati, nikaona mstari mmoja wa chaki ambao mfutaji hakuufikia: x² − 10x + 21 = 0. Chini yake, kwa mwandiko mdogo, palikuwa na mabano mawili: (x − 3)(x − 7) = 0. Basi. Milinganyo ya aina hiyo imepita mbele ya macho ya kila aliyesoma sekondari, na wengi waliisahau siku ya pili baada ya mtihani. Mimi nilisimama kwa sababu ya ile 10 na ile 21. Jumlisha 3 na 7, ni 10. Zidisha 3 kwa 7, ni 21. Namba mbili zilizo hadharani, ambazo yeyote apitaye anaweza kuzisoma, zinabeba habari za namba mbili nyingine ambazo hazikuandikwa katika mstari ule wa juu. Na zinabeba habari hizo kwa adabu fulani: zinasema wawili hao wakiwa pamoja ni kitu gani, bila kumtaja mmoja wao.

Wahenga walisema ukiona vyaelea, vimeundwa. Mlinganyo nao umeundwa, na uundaji wake unaweza kufuatwa kwa kalamu. Fungua mabano yale mawili. x inakutana na x, wanazaa x². Kisha x inakutana na −7, na −3 inakutana na x. Makutano hayo mawili ni ya jamii moja, yanamiminwa katika chombo kimoja, yanakuwa −10x. Mwisho −3 inakutana na −7, hasi kwa hasi, inatoka 21 iliyo chanya. Tazama kilichotokea katikati. Humo 3 na 7 zimechanganyika mpaka huwezi kunyoosha kidole ukasema hapa ndipo 3 ilipoishia na 7 ikaanza. Nazo namba hizo mbili, 3 na 7, ndizo huitwa sifuri za polinomia, au mizizi ya mlinganyo, kwa maana ukiweka mojawapo mahali pa x, kila kitu kinafutana na kubaki 0. Namba zinazosimama mbele ya x, pamoja na ile isiyo na x, huitwa vizigeu. Basi habari yote ni hii: mahali popote palipo na ax² + bx + c, jumla ya sifuri zake mbili ni −b/a, na zao lake ni c/a. Kugawanya kwa a kuna sababu yake. Ukiuzidisha mlinganyo wetu kwa 2 unapata 2x² − 20x + 42 = 0; sura imekua, namba zote zimenenepa, lakini 3 na 7 hazikutikisika. Kwa hiyo kabla ya kuuliza jumla na zao, shurti kwanza uondoe unene ule, urudishe kitu katika kipimo chake.

Uhusiano huu ni wa zamani kuliko x yenyewe. Katika chuo kikuu cha Yale, Marekani, kuna kibao cha udongo kutoka Babeli ya kale, chenye umri wa zaidi ya miaka 3,600, ambacho wataalamu hukiita YBC 6967. Mwandishi wake alibonyeza tatizo katika udongo mbichi: namba mbili zinazidiana kwa 7, na zao lake ni 60. Ni zipi? Hakuwa na herufi, hakuwa na alama ya kutoa wala ya kujumlisha. Alikuwa na umbo. Zao la namba mbili kwake lilikuwa eneo la mstatili, na akafanya ambalo fundi yeyote mwenye kipande kisicho sawa angefanya: alichukua ile tofauti ya 7, akaikata nusu, akakihamisha kipande kimoja upande wa pili, akaujaza ule mwanya uliobaki kwenye kona mpaka ukatokea mraba kamili. Nusu ya 7 ni 3.5, kipeo chake cha pili ni 12.25, ongeza 60, unapata 72.25, kipeuo chake cha pili ni 8.5. Kutoka katika 8.5 ongeza 3.5, ni 12. Punguza 3.5, ni 5. Jibu lilikuwa 12 na 5. Mimi huona uzuri mkubwa katika ile hatua ya nusu. Mwandishi yule alijua kwamba wawili wasiolingana wana mahali pa katikati pao, na kwamba kila mmoja amesimama mbali na hapo kwa umbali ulio sawa, huyu upande huu na yule upande ule.

Ifanyie hivyo hivyo 10 ya ubaoni. Wawili wakiwa na jumla ya 10, katikati yao ni 5. Mmoja ni 5 na kitu, mwenzake ni 5 kasoro kitu hicho hicho. Ukiwazidisha unapata 25 kasoro kipeo cha pili cha kitu hicho. Lakini zao limeshatajwa, ni 21. Basi kipeo hicho ni 4, kitu chenyewe ni 2, na kutoka 5 unatembea hatua 2 kulia, 2 kushoto, unawakuta wote wawili, 7 na 3. Ile kanuni ndefu yenye alama ya ± na kipeuo cha pili, ambayo wanafunzi huikariri kama dua ya safari, haina kingine ndani yake ila mwendo huu: tafuta katikati, kisha tafuta umbali. Naona ni hasara kubwa kwamba wengi hupewa kanuni kwanza na uhusiano baadaye, au wasipewe uhusiano kabisa. Aliyeuelewa uhusiano anaweza kuipoteza kanuni leo na kuijenga tena kesho kwa mkono wake.

Mlinganyo niliouona dirishani nao una historia yake, na historia hiyo iko Baghdad. Mnamo mwaka 820 hivi, katika zama za Khalifa al-Ma'mun, Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi aliandika kitabu kilichoipa aljebra jina lake, na mfano mmojawapo aliouchagua ni huu huu: mraba pamoja na 21 ni sawa na mizizi 10. Aliueleza kwa maneno matupu, bila alama hata moja, akachukua nusu ya mizizi, akaizidisha kwa nafsi yake, akapunguza 21, akatoa kipeuo, akasema jibu laweza kuwa 3 na laweza kuwa 7. Yote mawili aliyapokea. Miaka ipatayo 1,200 imepita tangu wino ule ukauke, na mwalimu asiyejulikana nje ya wilaya yake ameiandika tena 10 ile ile na 21 ile ile, na watoto wakainama juu ya madaftari kuwatafuta wawili wale wale. Sijui kama mwalimu mwenyewe alikuwa na habari. Namba haziulizi nasaba ya mwenye kuzitumia.

Lakini hata mlango wa Baghdad haukuwa wazi kwa wote. Mfano mwingine mashuhuri wa al-Khwarizmi ni mraba pamoja na mizizi 10, sawa na 39. Hapo alitoa jibu moja tu, 3. Sisi leo tunasoma vizigeu na kuona kwamba jumla ya wawili lazima iwe −10 na zao lao −39, kwa hiyo 3 ina mwenzake, na mwenzake ni −13. Huyo alibaki nje. Alibaki nje kwa sababu mizizi ilikuwa ubavu wa mraba, na nani amewahi kuona shamba lenye ubavu wa urefu chini ya 0? Kule India, Brahmagupta alikuwa ameandika mwaka 628 kanuni za kujumlisha na kuzidisha namba hasi, akizitazama kama madeni mbele ya mali, lakini fikra hiyo ilichukua karne nyingi kukubalika kila mahali. Na muda wote huo vizigeu vilikuwa vinatoa ushahidi. Yeyote aliyeitazama ile 10 na ile 39 kwa makini angeona kuna mtu mmoja hayupo katika hesabu. Dalili ya mvua ni mawingu. Wingu lilikuwa limetanda, mvua tu ndiyo haikuwa na ruhusa ya kunyesha.

Katika kila mfano hapa habari zimekuja mbili, na mbili hizo zinahitajika. Chukua kamba, zungushia shamba la mstatili, useme urefu na upana wake jumla ni 10. Umesema jambo la kweli ambalo halitoshi. Shamba la 1 kwa 9 lina eneo la 9. La 2 kwa 8 lina 16. La 3 kwa 7 lina 21, la 4 kwa 6 lina 24, la 5 kwa 5 lina 25. Kamba ni ile ile, mavuno si yale yale. Proclus, mwanafalsafa wa karne ya 5 aliyeandika maelezo juu ya kitabu cha Euclid, alitaja watu waliowapunja wenzao katika kugawana ardhi kwa hila hii hii, wakiwapa vipande vyenye mzingo mrefu na eneo dogo, kisha wakasifiwa kwa uaminifu. Mpimaji aliyepewa jumla bila zao anaweza kulia kwamba amedhulumiwa na asiweze kuonyesha wapi. Aliyepewa zao bila jumla naye hana pa kushika: 21 yaweza kuwa 3 kwa 7, na yaweza kuwa 1 kwa 21. Husemwa kwamba mshika mbili moja humponyoka. Hapa ni kinyume: asiyeshika zote mbili hana hata moja.

Na ile orodha ya mashamba inapanda 9, 16, 21, 24, 25, kisha inagota. Wawili wenye jumla ya 10 hawawezi kuzaa zao linalozidi 25, na hapo kwenye 25 wamekuwa kitu kimoja, 5 na 5, mlinganyo umebaki na jibu moja lililorudiwa. Al-Khwarizmi aliuona ukomo huo akasema, ukizidisha nusu ya mizizi kwa nafsi yake ukapata pungufu ya namba iliyotajwa, tatizo halina jibu. Mwaka 1545, huko Italia, Girolamo Cardano aliupita kwa makusudi. Katika kitabu chake Ars Magna alitaka 10 igawanywe sehemu mbili ambazo zao lake ni 40. Alijua haiwezekani, na bado akautembeza mwendo ule ule wa kale: katikati ni 5, 25 kutoa 40 ni −15, basi sehemu moja ni 5 na kipeuo cha −15, nyingine ni 5 kasoro kipeuo cha −15. Vitu vya namna gani hivi? Havihesabiki kwa vidole, havipimiki kwa kamba. Lakini vijumlishe: vile vipeuo vya ajabu vinakatana, inabaki 10. Vizidishe: 25 na 15, ni 40. Kila mmoja akiwa peke yake hakuwa na mahali pa kuishi katika hisabati ya siku zile. Wakiwa wawili, walilipa kila walichodaiwa.

Miaka 84 baadaye, mwaka 1629, Albert Girard, mzaliwa wa Lorraine aliyeishi Uholanzi, aliandika uhusiano huu kwa ujumla wake, kwa milinganyo ya vipeo vyote, na akasisitiza kwamba majibu hasi na hata yale yaliyoonekana hayawezekani yahesabiwe pamoja na mengine, ili kanuni isimame bila mapengo. Nadhani hiyo ni moja ya hatua za ukarimu mkubwa katika fikra za binadamu. Wengine waliwapima wageni kwa sura zao wakawafukuza. Girard alitazama daftari la jumla na mazao, akaona kwamba hesabu haifungi bila wao.

Kabla yake kulikuwa na François Viète, ambaye jina lake ndilo limebaki juu ya kanuni hii vitabuni. Alikuwa mwanasheria Mfaransa aliyezaliwa mwaka 1540, mtumishi wa wafalme, na katika vita vya mfalme Henri wa Nne alifumbua barua za siri za Wahispania. Mwaka 1591 alichapisha kitabu ambamo kisichojulikana kiliandikwa kwa irabu na kinachojulikana kwa konsonanti. Jambo hili laonekana dogo, la mwandiko tu, nami naliona kubwa kuliko yote niliyoyataja. Namba ni sahaulifu. Ukiandika 10, hakuna alama yoyote ndani yake kwamba ilikuwa 3 na 7. Ingeweza kuwa 4 na 6, ingeweza kuwa vile viwili vya Cardano. Imekula wazazi wake ikafuta mdomo. Lakini ukiziita sifuri mbili p na q, kisha ukafungua mabano, mlinganyo unatoka na (p + q) na pq zikiwa nzima, kila herufi mahali pake. Herufi haisahau. Kabla ya herufi kulikuwa na mifano elfu ya wawili waliofichwa. Baada yake kulikuwa na jambo moja lililoonekana mara moja kwa wote. Viète alifariki mwaka 1603, na maandishi yake juu ya jambo hili yalichapishwa mwaka 1615 na Mskoti Alexander Anderson. Viète naye hakukubali ila mizizi chanya. Alitengeneza dirisha na kuona nusu ya kilichokuwa nje.

Sasa rudi kwa wawili wenyewe, maana kuna swali ambalo jumla na zao hazilijibu hata uzisihi vipi. Ni yupi wa kwanza? Kwa Wasukuma na Wanyamwezi, mapacha wana majina yao yanayowangoja, Kulwa aliyetangulia na Doto aliyefuata, na mkunga ndiye shahidi wa mpangilio huo. Mlinganyo hauna mkunga. 3 na 7 kujumlishwa ni 7 na 3 kujumlishwa, na katika kuzidisha vilevile. Wabadilishe nafasi, vizigeu havitatambua kitu. Unaweza kutafuta tofauti yao: kipeo cha pili cha jumla ni 100, ondoa mara 4 ya zao, yaani 84, unabaki na 16, ambayo ni kipeo cha pili cha tofauti. Kipeo, lakini si tofauti yenyewe. Hapo ndipo inapoingia ile alama ya ±, na sisi ndio tunaochagua, tukisema hii iwe 4 na ile iwe −4. Mlinganyo ulikataa kuchagua. Kuwatenganisha wawili ni kazi ya anayeuliza, na ina gharama ya kipeuo cha pili, gharama ambayo kwa jumla na zao haikudaiwa.

Na ni mengi mno yanayojulikana bila kulipa gharama hiyo. Mlinganyo x² − 10x + 23 = 0 una sifuri mbili ambazo desimali zake hazina mwisho wala mzunguko, 6.41421 na kuendelea, 3.58578 na kuendelea, maana ni 5 ± √2. Hakuna atakayemaliza kuandika hata mmoja wao. Jumla yao ni 10 kamili. Ukitaka vipeo vya pili vya sifuri zozote vijumlishwe, huna haja ya kuwajua wenyewe: chukua kipeo cha pili cha jumla, ondoa mara 2 ya zao. Kwa 3 na 7 ni 100 kutoa 42, yaani 58, na kweli 9 na 49 ni 58. Kwa wawili wa Cardano ni 100 kutoa 80, yaani 20. Ukitaka 1 igawanywe kwa kila mmoja na matokeo yajumlishwe, gawanya jumla kwa zao, 10 kwa 21. Swali lolote la aina hii ambalo halibadiliki wakibadilishana nafasi, lina jibu lililokwisha andikwa katika vizigeu. Mimi hufikiri juu ya hili ninaposikia watu wakisemwa kwa makundi, familia ile, kijiji kile, kabila lile. Yanayosemwa yanaweza kuwa kweli tupu, na bado hakuna mtu hata mmoja aliyetajwa ndani yake. Ukweli wa pamoja si uongo kwa kuwa haukumfikia mmoja. Uongo huanza pale jumla inapobandikwa kifuani mwa mmoja kama jina lake.

Katika kipeo cha pili tuna bahati: gharama ikilipwa, wawili hutoka. Cha tatu na cha nne pia vina kanuni zake, ndizo zilizochapishwa katika kitabu kile cha Cardano. Cha tano kilisubiriwa kwa karibu miaka 300, mpaka mwaka 1824 Mnorwei Niels Henrik Abel, akiwa kijana wa miaka 21, alipothibitisha kwamba hakuna kanuni ya jumla, kwa kujumlisha, kutoa, kuzidisha, kugawanya na kutoa vipeuo tu, inayoweza kuwatenganisha watano hao. Évariste Galois, aliyekufa kwa risasi ya pambano mwaka 1832 kabla hajafikisha miaka 21, alionyesha sababu ilipo: ni katika namna mizizi inavyoweza kubadilishana nafasi na vizigeu visitambue. Swali lile la Kulwa na Doto, likiulizwa kwa watano, lilifunga njia. Chukua x⁵ − x − 1 = 0. Una sifuri tano, na hata moja haiandikiki kwa vipeuo, uwe na karatasi kiasi gani. Hata hivyo visome vizigeu. Mbele ya x⁴ hakuna kitu, basi jumla ya watano ni 0. Mbele ya x³ hakuna kitu, basi mazao ya wawili wawili jumla yake ni 0, kwa hiyo vipeo vyao vya pili vikijumlishwa navyo ni 0. Namba ya mwisho, ikigeuzwa alama kwa kuwa wao ni watano, inasema zao lao ni 1, kwa hiyo hakuna kati yao aliye 0. Na kwa kuwa vipeo vya pili vya namba za kawaida zisizo 0 haviwezi kujumlishwa vikafika 0, lazima baadhi ya watano hao wawe wa jamii ile ya Cardano, wale walioonekana hawawezekani.